Kipilefti: Jinsi Mipaka Ilivyoigawa Barabara

Kuna neno la Kiswahili ambalo sisi wenye tulitoka Kivu hatukukua nalo. Ni "kipilefti". Kule Goma, pale barabara zinapokutana na magari yanazunguka katikati, tunasema rond-point, kama Wafaransa. Hapa Kampala wengi wanasema raundabauti. Lakini muulize Mtanzania njia, atakwambia: "Ukifika kipilefti cha kwanza, nyoosha."

Neno hilo limetoka kwenye kibao cha Waingereza, kilichoandikwa "keep left", maana yake shika kushoto. Waswahili walisikia linaanza na "ki", wakaliingiza kwenye ngeli kama kitu na kiti: kipilefti kimoja, vipilefti viwili. Amri ya mkoloni kwa dereva ikageuka kuwa jina la mahali. Watu wanalitamka kila siku bila kukumbuka kwamba zamani lilikuwa amri.

Nimeanza na neno hilo kwa sababu vijana ninaofanya nao kazi huku Nsambya na Katwe wananiuliza swali lilelile kila tunapopokea wageni wapya: kwa nini Uganda wanaendesha kushoto na sisi kulia? Nani amekosea? Wengine wanasema kushoto ni upande mbaya. Nawaelewa. Katika lugha zetu mkono wa kulia ndio wa kulia chakula, ndio wa kusalimia. Kwetu tunauita mkono wa kuume, yaani wa kiume, wa nguvu. Mtoto akikupa kitu kwa kushoto anakemewa. Sasa unavuka mpaka, unakuta nchi nzima imeshika kushoto na inaenda vizuri tu. Ni lazima mtu ashangae.

Jibu fupi ni kwamba hakuna aliyekosea. Upande wa barabara hautokani na akili ya watu wala tabia yao. Unatokana na nani alitawala wapi.

Uingereza ilishika kushoto tangu zamani za farasi. Mwaka 1722 mkuu wa jiji la London aliamuru mikokoteni inayovuka daraja la London ishike kushoto, kwa sababu msongamano ulikuwa umezidi. Mwaka 1835 sheria ya barabara ikafanya kushoto kuwa lazima nchini kote. Ufaransa na Ubelgiji zikashika kulia. Watu wanasimulia habari za panga na mapanda-farasi kueleza sababu, eti mtu alitaka mkono wake wa upanga uwe upande wa adui. Ni hadithi tamu, lakini kwetu sisi sababu ya mwanzo haina uzito mkubwa. Chenye uzito ni kwamba kila mmoja alipokuja Afrika alikuja na upande wake.

Uganda ikawa chini ya ulinzi wa Uingereza mwaka 1894. Kongo ilikuwa mali ya Mfalme Leopold tangu 1885, kisha mwaka 1908 ikawa koloni la Ubelgiji. Magari yalipofika baadaye yalikuta mstari umeshachorwa. Upande huu kushoto, upande ule kulia, na ndugu wa ukoo mmoja wako pande zote mbili.

Angalieni Arua. Wengi wenu mnaosoma gazeti hili kutoka makambi ya West Nile mnaijua. Sehemu ile iliitwa Lado, na mwaka 1894 Leopold alipewa aitawale kwa muda wa maisha yake tu. Alikufa Desemba 1909. Mwaka uliofuata Lado ikapelekwa Sudan iliyokuwa chini ya Waingereza, na mwaka 1914 kipande cha kusini, pamoja na Arua, kikaingizwa Uganda. Mahagi ikabaki Kongo. Leo Mwaluri wa Mahagi anaendesha kulia, na Mwaluri wa Nebbi, mwenye lugha moja naye, anaendesha kushoto. Wakivuka pale Goli kwenda kuzika, lazima wabadili upande. Hakuna mzee wa Kialuri aliyeulizwa.

Au mfano wa pili. Kabla ya Vita vya Kwanza vya Dunia, Tanganyika, Rwanda na Burundi zilikuwa koloni moja la Wajerumani. Baada ya vita likakatwa. Tanganyika ikaenda kwa Waingereza, Rwanda na Burundi zikaenda kwa Wabelgiji. Ndiyo maana hadi leo lori la Dar es Salaam linashika kushoto mpaka mpaka wa Rusumo, halafu linahamia kulia.

Watu wa Sudan Kusini wana historia ngumu kuliko yetu. Sudan ilikuwa ikiendesha kushoto kwa sababu ya Waingereza, lakini mwaka 1973 serikali ya Khartoum ilihamisha nchi nzima kwenda kulia, maana majirani karibu wote, Misri, Libya, Chadi, Ethiopia na Zaire, walikuwa kulia. Waliobaki kushoto ni Uganda na Kenya. Kwa hiyo mzee aliyeendesha lori Juba kabla ya mwaka huo alijifunza kushoto, akahamishiwa kulia, na kama alikimbilia huku kupitia Elegu, akarudi kushoto tena. Maisha ya mtu mmoja, serikali tofauti, na kila moja ikamwambia hii ndiyo njia sahihi.

Hapo ndipo vijana wanaelewa. Kama upande unaweza kubadilishwa kwa siku moja, basi si jambo la asili. Sweden ilihama kutoka kushoto kwenda kulia tarehe 3 Septemba 1967, alfajiri. Nigeria ilihama mwaka 1972 na Ghana mwaka 1974, kwa sababu zimezungukwa na nchi zilizotawaliwa na Wafaransa. Samoa, nchi ya visiwa vya Pasifiki, ilifanya kinyume mwaka 2009: ilitoka kulia kwenda kushoto ili watu waweze kununua magari ya bei nafuu kutoka Australia, New Zealand na Japani.

Habari ya Samoa inatugusa. Japani wanaendesha kushoto, na magari yao yaliyotumika ndiyo yamejaa Afrika Mashariki. Kwa Uganda hakuna shida: usukani uko kulia, barabara iko kushoto, dereva anakaa upande wa katikati ya barabara na anaona mbele. Lakini magari hayohayo yanashuka Mombasa na Dar es Salaam, yanaendelea mpaka Goma, Bukavu, Bunia na Bujumbura, kwenye barabara za kulia. Kule kwetu umeona taxi-bus ambayo mlango wake unafunguka katikati ya barabara, abiria wanashuka wakiwa wanatazama magari. Umeona dereva anayetaka kupita lori akimwuliza abiria wa kushoto kama njia ni nyeupe. Samoa ilibadili barabara ifuate magari. Sisi tulibaki na barabara ya Mbelgiji na gari la Mjapani, na mwili wa abiria ndio unaoziba pengo.

Jumuiya ya Afrika Mashariki leo ina nchi 8. Kenya, Uganda na Tanzania zinashika kushoto. Rwanda, Burundi, Sudan Kusini, Kongo na Somalia zinashika kulia. Rwanda iliwahi kufikiria kuhamia kushoto baada ya kujiunga mwaka 2007, lakini bado iko kulia. Bendera ya Jumuiya ni moja, lakini pale Bunagana, Mpondwe au Katuna kila dereva anakumbushwa kwamba mikataba ya zamani bado inafanya kazi.

Sasa tuje kwenye miguu yetu. Wengi wetu hatukuvuka mpaka tukiendesha. Tulivuka tukitembea, na watoto mgongoni. Mwaka 2022, vita vilipofika Bunagana, maelfu waliingia Kisoro kwa miguu na kupokelewa Nyakabande. Mtu wa namna hiyo hana gari la kumkumbusha kuhama upande. Anabeba tabia ya barabara ndani ya shingo. Amezoea tangu utoto kugeuza kichwa kushoto kwanza, kwa sababu Kongo gari la karibu linatoka kushoto. Uganda gari la karibu linatoka kulia. Mama mmoja wa Rutshuru aliniambia kwa maneno mafupi: "Huku gari inatokeaka fasi hauingojee." Hapo amefunga mada yote.

Mgeni akifika anapewa mambo mengi ya kujua, mahali pa kuandikishwa, chanjo, shule, maji. Yote ni ya lazima. Lakini katika vikao vya kupokea wageni nilivyokaa mimi, barabara haikutajwa hata mara moja. Watu wanadhani kila mtu anajua kuvuka barabara. Ni kweli anajua, ila anajua ya kwao.

Kwa hiyo mimi nafundisha hivi, na ninaomba na wengine mfundishe hivyo.

La kwanza, kuvuka. Tazama kulia, kisha kushoto, kisha kulia tena. Usiwaambie watoto kwa mdomo tu, wapeleke kando ya barabara wafanye kwa shingo mara kumi, ishirini. Shingo inajifunza polepole kuliko kichwa. Na boda hazifuati upande siku zote, basi hata kwenye barabara ya njia moja tazama pande mbili.

La pili, kutembea. Kama hakuna njia ya miguu, unatembea ukitazama magari yanayokuja. Kongo hiyo ilikuwa kushoto. Uganda ni kulia. Ukitembea kushoto kama kwenu, magari yanakuja nyuma ya mgongo wako, na usiku hutaona kitu.

La tatu, kupanda na kushuka. Taxi za Kampala mlango uko kushoto, upande wa ukingo. Ukiwa kwenye boda, shukia kushoto vilevile. Jifunze pia maneno mawili ya Kiganda: kkono ni kushoto, ddyo ni kulia. Kondakta hatakungojea utafsiri.

La nne ni kwa wale wanaoendesha, na wako wengi, maana sheria ya wakimbizi ya mwaka 2006 inaturuhusu kufanya kazi, na kijana aliyekuwa motari Goma anatafuta boda hapa kabla hajatafuta kitanda. Kushoto ndiyo njia ya kukaa. Kulia ni ya kupita mwenzako, na ukishapita unarudi. Ingia barabara ya kasi ya Entebbe, iliyofunguliwa 2018, utaona jambo hilo wazi: njia ya kushoto ni ya mwendo wa kawaida, ya kulia si ya kukaa na kupiga stori. Kwenye raundabauti unazunguka kama mshale wa saa, na unampisha anayetoka kulia kwako, kwa sababu yeye ameshaingia.

Kuna na adabu ambazo haziko kwenye kibao chochote. Usiku, kwenye barabara ya Masaka, lori lililo mbele yako likiwasha taa ya kushoto, dereva anakwambia pita, mbele ni salama. Akiwasha ya kulia, anasema ngoja, kuna kitu kinakuja. Aliyejifunza Kongo anaweza kuisoma kinyume, na kuisoma kinyume hapo ni kifo. Hata hivyo usiitii taa hiyo kwa upofu. Wakati mwingine lori linakata kona kweli, na macho yako ni yako.

Najua mtu wa Kampala atacheka akisoma haya. Atasema nani anashika kushoto saa kumi na moja jioni pale Kibuye au Clock Tower, boda zinapita kushoto, kulia, hata juu ya njia ya miguu? Ni kweli. Lakini angalia vizuri. Hata katika fujo ile, kila mtu anajua upande upi ni wa nani. Mwenye boda anayekuja kinyume anapiga honi na kuinamisha kichwa kwa sababu anajua yuko kwenye upande wa mwingine. Sheria inavunjwa na watu wanaoijua. Mgeni anaivunja bila kuijua, na hiyo ndiyo hatari kubwa zaidi.

Kwa wafanyakazi wa mashirika nina ombi dogo. Dakika kumi katika mafunzo ya wageni zinatosha, na chaki ya kuchora barabara kwenye sakafu. Waulizeni watu wametoka wapi kwanza. Msomali, Mrundi, Mkongomani na Msudani Kusini wote wametoka kulia, wanahitaji somo moja. Mtanzania au Mkenya hahitaji.

Na kwa vijana wenzangu: usimwambie mtoto kwamba Uganda wanaendesha vibaya, wala usimwambie kwamba sisi ndio tulikuwa vibaya. Mwambie habari za Leopold na Lado, na za kibao kilichogeuka kuwa kipilefti. Halafu mshike mkono, msimame ukingoni, mtazame kulia.