Saa 134 za meli, stori hamna: Nyasa je?

Wadau, kuna watu wakikaa dakika mbili bila kuona mtu anagombana kwenye TV, wanabadilisha chaneli. Sasa sikia hii. Novemba 2009 televisheni ya taifa ya Norway, NRK, ilifunga kamera kwenye treni ya Bergen kwenda Oslo, ikarusha safari nzima, zaidi ya saa saba. Steringi hamna, adui hamna. Ni reli, theluji na mahandaki. Nchi ina watu kama milioni tano, na zaidi ya milioni moja walichungulia.

Juni 2011 wakaja na meli za Hurtigruten: Bergen mpaka Kirkenes, saa 134 mubashara. Hapo ndipo paliponoga. Wanavijiji walitoka ufukweni na bendera, wengine wakaifuata meli kwa boti, wapunge mkono waonekane.

Kwa nini? Hurtigruten ilianza 1893 kuhudumia pwani ambako barabara ilikuwa shida. Meli ilileta barua, mizigo na ndugu. Stori mtazamaji alikuwa nayo kichwani tayari, kamera ikamwachia nafasi tu. Twin Peaks ya David Lynch iliporudi 2017, sehemu ya 8 ilituzamisha ndani ya mlipuko wa nyuklia karibu bila maneno. Kali, ila ile ni hofu ya kutengeneza. Mimi niko na meli.

Kwetu Zanzibar ilipata televisheni 1973, Bara mpaka 1994. Watu walikuwa na kiu ya habari, mpira na maigizo. Nani angekaa kuangalia maji?

Lakini simama Mwaya jioni. Enzi za mkoloni hapa palikuwa bandari, leo meli zinaondokea jirani. MV Songea na MV Iringa zimebeba watu miaka na miaka, na 2021 ikaanza MV Mbeya II, abiria 200. Weka kamera mbele: Matema, Lupingu, Manda, Milima ya Livingstone kushoto, wadudu wa ziwani wakiinuka kama moshi. Halafu Liuli, ambako Agosti 1914 Waingereza waliishambulia meli ya Wajerumani ikiwa nchi kavu inatengenezwa (uonevu huo!). Mwisho Mbamba Bay.

Vijiji vingi vya chini ya milima hiyo, meli ndiyo basi lao. Siku barabara ikifika kote, safari hii watakuwa nayo wazee tu, midomoni. Kamera ziende sasa, wakati bado kuna watu wanaisubiri meli ufukweni na magunia yao.