Fidia si kifuta machozi

Mtu akigongwa na matatu akafa, majirani husema familia yake italipwa "kifuta machozi". Mahakamani neno ni fidia, na tofauti si ndogo. Fidia tumeipata kwa Waarabu: ni kitu kitolewacho kukomboa, kama chakula anachotoa mzee asiyeweza kufunga Ramadhani. Ina kipimo. Kifuta machozi ni mkono wa pole, si deni. Ndiyo maana serikali ya Tanzania imelichukua jina hilo kwa pesa inazowapa wafiwa wa aliyeuawa na tembo au simba.

Hakimu wa Kenya hupiga hesabu. Marehemu, mwenye mke na watoto, alipata shilingi 30,000 kwa mwezi. Zidisha kwa 12, kisha kwa miaka ambayo angeendelea kuchuma, tuseme 20. Hapo kwa kawaida huondolewa theluthi, ile ambayo angeitumia mwenyewe. Wategemezi wanabaki na 4,800,000. Theluthi hiyo hunikaa rohoni: marehemu bado anakatiwa nauli na chakula cha mchana.

Na mama wa nyumbani, asiye na mshahara? Mahakama humkadiria. Lugha yetu, nayo, bado inasema "hafanyi kazi".