Shekhar Mehta alianza upya mara tatu
Wasee, Safari Rally haikuanzia Naivasha. Cheki hii story ya Shekhar Mehta.

Alizaliwa Uganda 1945. Mwaka wa 1972 Idi Amin akafukuza Wahindi, familia yake ikahamia Kenya. Ungedhani mchezo umeisha. Wapi! 1973 akashinda Safari na Datsun 240Z, baada ya kulingana pointi na Harry Källström wa Uswidi. Halafu akashinda tena 1979, 1980, 1981 na 1982, mfululizo, Mike Doughty akimsomea njia.

Angetulia hapo. Badala yake akaingia mbio za jangwani, siku nyingi kwa mchanga. 1987 alikimbiza Peugeot kwa Paris-Dakar. Mwaka huo huo akapata ajali mbaya Misri, udereva ukaisha. Bado hakutoka: baadaye akaongoza tume ya rally ya FIA. Alifariki 2006.

Mimi niliacha chuo, na hapa Pipeline nimeambiwa mara mingi nimepotea. Mehta alipoteza nchi, kisha usukani, lakini alichojua kuhusu magari alienda nacho kila mahali. Kabla uite mtu dropout, muulize kwanza anajua kufanya nini.