Cécile Decugis, Mhariri wa À bout de souffle

Machi 1960 filamu ya À bout de souffle ilianza kuoneshwa Paris, na jina la mwongozaji wake, Jean-Luc Godard, likavuma. Mwaka huohuo mwanamke aliyeihariri, Cécile Decugis, alitiwa mbaroni kwa kuwasaidia wapigania uhuru wa Algeria wa FLN.

Tangu enzi za filamu bubu, wanawake wengi wa Ufaransa waliajiriwa kuunganisha vipande vya filamu, kazi iliyochukuliwa kuwa ya mikono tu, mithili ya ushonaji. Dharau hiyo iliwafungulia mlango. Decugis alipita humo, na kufikia 1957 alikuwa amehariri Les Mistons, filamu fupi ya François Truffaut. Mwaka huo pia alitengeneza mwenyewe filamu fupi kuhusu Waalgeria waliokimbilia Tunisia. Msimamo wake, basi, haukuwa siri.

À bout de souffle ilimfikia ikiwa ndefu kupita kiasi. Ilitakiwa dakika 90 hivi. Wengine wangetupa matukio mazima. Godard akataka yabaki, yapunguzwe ndani kwa ndani. Mfano ni pale mwigizaji Jean Seberg anapopanda gari na mwenzake Jean-Paul Belmondo. Tunamwona Seberg kisogo, sauti ya Belmondo inatiririka bila kukatika, lakini Paris iliyo mbele yake inaruka: jua, mara kivuli, mara barabara nyingine. Wahariri walikuwa wamefunzwa kuuficha mkato. Huu ulijianika wazi.

Uamuzi ulikuwa wa Godard, sikatai. Lakini filamu hupita fremu 24 kwa sekunde, na ukikata pasipo mahali pake, mruko huonekana hitilafu ya mashine. Kupata mahali hapo kulihitaji jicho na subira ya Decugis na msaidizi wake, Lila Herman. Vitabu vinavyousifu mkato ule mara nyingi humtaja Godard peke yake, na hiyo ni dhuluma.

Decugis alihukumiwa kifungo cha miaka 5, akatumikia takribani 2 katika gereza la La Roquette, Paris. Wakati huo wenzake wa kizazi chake walikuwa wakijijengea majina.

Alipotoka alirudi kwenye meza ya uhariri, na hapo ndipo ninapomstahi zaidi. Kwa mwongozaji Éric Rohmer alifanya kazi iliyo kinyume kabisa na ile ya Godard. Katika Ma nuit chez Maud, ya 1969, watu wanazungumza usiku kucha juu ya imani na mapenzi, na mara nyingi tunamtazama anayesikiliza badala ya anayesema. Ukikata mapema, wazo la msikilizaji linapotea. Ukichelewa, mazungumzo yanapooza. Decugis alijua lini auache uso ufikiri. Rohmer aliendelea kumpa filamu zake, zikiwemo Le Genou de Claire, Pauline à la plage na, mwaka 1984, Les Nuits de la pleine lune.