Francis Imbuga: Mtunzi wa Kafira

Francis Davis Imbuga (1947–2012) alikuwa mtunzi wa tamthilia, mwigizaji, mwandishi wa riwaya na mhadhiri kutoka magharibi mwa Kenya. Ni miongoni mwa kizazi cha kwanza cha Wakenya walioandikia jukwaa baada ya uhuru wa 1963. Jina lake limeambatana na nchi moja isiyopatikana kwenye ramani yoyote: Kafira.

Maisha na elimu

Imbuga alizaliwa katika kijiji cha Wenyange, Chavakali, nchi ya Wamaragoli, mojawapo ya jamii za Waluhya. Eneo hilo kwa miaka mingi lilikuwa sehemu ya Wilaya ya Kakamega, kabla ya Vihiga kupata wilaya yake.

Alisomea Alliance High School, na akiwa mwanafunzi alituzwa kuwa mwigizaji bora katika tamasha la kitaifa la drama ya shule. Tukio hilo lina uzito katika kumwelewa: Imbuga alilijua jukwaa kwa miguu yake kabla ya kulijua kwa kalamu. Alipata shahada mbili Chuo Kikuu cha Nairobi. Mwaka 1991 alihitimu uzamivu katika Chuo Kikuu cha Iowa, Marekani, kwa utafiti juu ya tamthilia za John Ruganda wa Uganda. Alifundisha Chuo Kikuu cha Kenyatta kwa muda mrefu, na kwa kipindi fulani alifundisha Kigali, Rwanda.

Kazi zake

Tamthilia zake za mwanzo ni pamoja na The Married Bachelor (1973), ambayo baadaye aliiandika upya kwa jina la The Burning of Rags. Zilifuata Betrayal in the City (1976), Games of Silence (1977), The Successor (1979), Man of Kafira (1984) na Aminata (1988). Riwaya zake ni Shrine of Tears na Miracle of Remera, ambayo inahusu janga la UKIMWI. The Return of Mgofu ilitoka mwaka 2011. Green Cross of Kafira ilichapishwa baada ya kifo chake.

Kafira na fumbo lake

Zipange upya herufi za neno Afrika, kama linavyoandikwa kwa Kiswahili, utapata Kafira. Kwa tahajia ya Kiingereza, yenye herufi c, fumbo hilo halifumbuki. Imbuga aliandika kwa Kiingereza, lakini ufunguo wa nchi yake unakaa katika Kiswahili.

Betrayal in the City, inayotukia Kafira, inaanzia kaburini. Doga na Nina, wazee wawili, wanamlilia mwana wao Adika, mwanafunzi aliyepigwa risasi katika maandamano. Serikali inawazuia hata kufanya sherehe ya kunyoa nywele, desturi ya kumaliza matanga. Kwa mtu wa jamii za Waluhya, hapo ndipo penye uchungu mkubwa zaidi, kwa sababu utawala umevuka mpaka wa mamlaka ya walio hai na kuingia katika haki ya marehemu.

Upande wa pili yuko Boss, mtawala, pamoja na Mulili, binamu yake mwenye elimu haba na madaraka mengi. Mulili huzungumza Kiingereza cha kuvunjavunja. Watazamaji humcheka, kisha hugundua kwamba mtu huyu wanayemcheka anaweza kuwatia gerezani. Mosese, mhadhiri, tayari yumo gerezani. Jusper, ndugu ya Adika, anaandika mchezo wa kumburudisha mgeni wa taifa, na wafungwa wanapewa nafasi za kuuigiza. Katika mazoezi, bunduki za maigizo zinakuwa bunduki za kweli, na utawala unaangukia jukwaani. Huu ni ufundi wa mchezo ndani ya mchezo.

Tamthilia hiyo, pamoja na The Trial of Dedan Kimathi ya Ngũgĩ wa Thiong'o na Micere Mugo, iliiwakilisha Kenya katika tamasha la FESTAC, Lagos, mwaka 1977. Mwisho wa mwaka huohuo Ngũgĩ aliwekwa kizuizini. Mwaka 1982 Mugo alikimbilia uhamishoni. Imbuga hakukimbilia uhamishoni; aliendelea kuandika. Kinga yake ilikuwa fumbo na kicheko: kiongozi aliyetaka kulalamika ingembidi kwanza akiri kwamba amejiona ndani ya Boss.

Aminata na urithi wa ardhi

Aminata iliandikwa kwa ajili ya mkutano wa Umoja wa Mataifa kuhusu wanawake, uliofanyika Nairobi mwaka 1985. Aminata, mwanasheria, ameachiwa kipande cha ardhi na babake, Mchungaji Ngoya, lakini kaka yake Ababio hakubali. Katika magharibi mwa Kenya, ambako mashamba hugawanywa hadi kuwa vipande vidogo vya ardhi, swali la binti kurithi bado huamsha ugomvi hadi leo.

Kifo na urithi

Imbuga alifariki tarehe 18 Novemba 2012, akiwa na umri wa miaka 65. Betrayal in the City na Aminata zimewahi kuwa vitabu teule vya shule za sekondari, kwa hiyo Wakenya wengi walikutana na Kafira darasani.

Urithi mwingine uko jukwaani. Mwaka 2013, tamthilia ya Shackles of Doom ya Shule ya Wasichana ya Butere, Kakamega, ilizuiwa kufika fainali za kitaifa za tamasha la drama ya shule hadi Mahakama Kuu ilipoamuru iruhusiwe. Mwaka 2025 mahakama iliingilia kati tena kwa ajili ya Echoes of War ya shule hiyohiyo. Katika fainali za mwaka huo huko Nakuru, wasichana waliimba wimbo wa taifa kisha wakaondoka jukwaani bila kuigiza.

Karibu miaka 50 kabla yao, Imbuga alikuwa amemweka Jusper, mwanafunzi mwenye mswada mkononi, mbele ya wenye mamlaka. Kila mwaka, wanafunzi wa Matete na wa kaunti ndogo nyingine za Kakamega wanapoanza safari ya tamasha la drama, wanapanda jukwaa alilopandia Imbuga mwenyewe kabla hajaandika neno lolote juu ya Kafira.