Mkingiri (Dichrostachys cinerea)

Mkingiri, ambao pia huitwa kikulagembe, mtunduru au mvunjashoka, ni kichaka chenye miiba cha jamii ya mikunde (Fabaceae). Asili yake ni nyika na vichaka vikavu vya Afrika, Asia ya Kusini na ya Kusini-Mashariki, hadi kaskazini mwa Australia. Carl Linnaeus aliueleza mwaka 1753 kwa jina la Mimosa cinerea. Jina la sasa lilitolewa na Robert Wight na George Arnott mwaka 1834. Katika uainishaji wa mwaka 2017 umewekwa kwenye nusufamilia ya Caesalpinioideae, pamoja na migunga.

Maelezo

Mkingiri hufika mita 2 hadi 5, na ukiachwa bila kukatwa huweza kuwa mti mdogo wa mita 7. Hutoa mashina kadhaa kutoka chini, na matawi yake husongamana hata mtu asiweze kupenya. Kila jani hugawanyika mara mbili na kubeba vijani vidogo vingi mno.

Miiba yake ni ya namna yake. Ile ya migunga mingi huota kwa jozi penye shina la jani, lakini mwiba wa mkingiri ni kitawi kifupi ambacho ncha yake imekomaa na kuchongoka. Ndiyo maana mwiba wenyewe huonekana umebeba majani. Hufika sentimita 8 na hutoboa hata matairi ya trekta.

Maua huja kwa mashada ya rangi mbili yanayoning'inia kama taa ndogo. Sehemu ya juu ni nyuzi ndefu za waridi au zambarau hafifu, zinazopauka kadiri siku zinavyopita; maua hayo ni tasa na kazi yake ni kuvuta wadudu. Sehemu ya chini ni ya manjano, imeshikamana, na ndiyo yenye chavua na inayozaa. Matunda ni maganda ya kahawia yaliyojikunja na kusokotana kwa vishada. Hayapasuki yakiwa mtini. Huanguka yakiwa na mbegu ndani.

Ikolojia na uenezi

Maganda hayo ni chakula kizuri wakati wa kiangazi. Ng'ombe, mbuzi, ngamia, twiga, tandala na tembo huyala, na mbegu zenye ngozi ngumu hupita tumboni zikatoka na samadi zikiwa hai. Mizizi ina vinundu vyenye bakteria wanaonasa naitrojeni ya hewani, kwa hiyo mkingiri humudu udongo uliochoka. Pia huchipua kutoka mizizini: shina moja likikatwa, machipukizi kadhaa huota kulizunguka.

Uvamizi

Mkingiri hufunga malisho pale mifugo inapozidi uwezo wa ardhi. Nyasi zikiliwa hadi chini, moto wa kiangazi hukosa cha kuunguza, na miche ambayo ingeteketea hukua bila kushindana na nyasi. Miaka michache baadaye ng'ombe hawana pa kupita. Hali hii imeenea kusini mwa Afrika, hasa Namibia na Botswana.

Nje ya kwao, umeleta hasara kubwa zaidi Cuba, ambako huitwa marabú. Ulifikishwa huko katika karne ya 19 na umefunika zaidi ya hekta milioni moja, hasa mashamba na malisho yaliyotelekezwa. Katika hotuba yake mjini Camagüey tarehe 26 Julai 2007, Raúl Castro, aliyekuwa akikaimu urais wa Cuba, alitania kwamba kilichopendeza zaidi kando ya barabara aliyopita kilikuwa marabú. Mwaka uliofuata serikali ilianza kuwagawia wakulima ardhi iliyolala, na wengi wao walilazimika kung'oa marabú kwanza.

Matumizi

Kiini cha shina ni kizito na hakiliwi na mchwa kwa urahisi, hivyo hufaa kwa nguzo za ua, mipini na fimbo. Gome hutoa nyuzi za kamba. Mizizi na majani hutumika katika tiba za jadi za kikohozi, maumivu ya meno na kuumwa na nyoka, ingawa aliyeumwa na nyoka anapaswa kuwahishwa hospitali. Mkoani Shinyanga ni miongoni mwa mimea ya ngitili, maeneo ambayo Wasukuma huyafunga ili yawe akiba ya malisho ya kiangazi. Mradi wa Hifadhi Ardhi Shinyanga, ulioanza mwaka 1986, ulifufua desturi hiyo.

Kuni zake huwaka polepole na makaa yake ni ya daraja la juu. Namibia huuza Ulaya makaa yatokanayo na vichaka vamizi, mkingiri ukiwamo. Januari 2017, tani 40 za makaa ya marabú zilipelekwa Marekani, zikawa bidhaa ya kwanza ya Cuba kuuzwa huko kihalali baada ya zaidi ya nusu karne.

Udhibiti

Kukata peke yake huongeza tatizo. Njia zinazofaa ni kung'oa miche ingali midogo, kupaka dawa ya kuua magugu kwenye kisiki mara tu kinapokatwa, au kukata kisha kuachia mbuzi wale machipukizi kwa misimu kadhaa. Lakini malisho yasipopumzishwa ili nyasi zirudi, mkingiri nao hurudi.