Kuku wa Nyama na Mwenye Kuku

Wanahistoria wameandika mengi juu ya pamba, sukari, makaa ya mawe na mafuta ya petroli, lakini kuku wamempita kama mtu apitavyo uani kwa jirani bila kugeuza shingo. Labda ni kwa sababu kuku ni kiumbe mdogo, tena tumemzoea. Walakini hapana mnyama wa kufugwa ambaye umbo lake, umri wake na milki yake vimegeuzwa kwa haraka kama kuku katika miaka mia iliyopita. Zaidi ya kuku bilioni 70 huchinjwa duniani kila mwaka, na walio wengi hawatimizi hata miezi miwili ya maisha. Katika insha hii nitaeleza jinsi jambo hili lilivyoanza katika Marekani na jinsi lilivyoenea. Na nitauliza swali moja ambalo naona ndilo ufunguo wa habari yote: kuku huyu ni wa nani? Bei ya nyama huonekana sokoni, lakini gharama yake haionekani mpaka ijulikane nani mwenye kuku, na nani aachiwaye yale ambayo mwenye kuku hayataki.

Kabla ya mwaka 1920 watu wachache sana katika Marekani walifuga kuku kwa ajili ya nyama tu. Karibu kila shamba lilikuwa na kuku waliozunguka uani wakijitafutia, na aghalabu wenyewe walikuwa wanawake. Mume alilima ngano au pamba, na fedha zake zilikwenda katika madeni ya shamba. Mke aliuza mayai, na kwa mayai alinunua sukari, vitambaa na viatu vya watoto. Nyama ilikuwa ziada: majogoo wachanga wasiohitajiwa na kuku wakongwe waliokoma kutaga. Kwa hiyo nyama ya kuku ilikuwa adimu, ikaliwa Jumapili au alipokuja mgeni. Msomaji wa Afrika ya Mashariki hahitaji kufafanuliwa hali hiyo, maana anaijua kwao.

Mabadiliko yalianza mwaka 1923 katika Ocean View, mji mdogo wa jimbo la Delaware, kwenye rasi ya Delmarva iliyogawanyika baina ya majimbo ya Delaware, Maryland na Virginia. Bibi Cecile Steele, mke wa askari wa ulinzi wa pwani, aliagiza vifaranga 50 ili aongeze kuku wake wa mayai; akaletewa 500 kwa makosa ya muuzaji. Hakuwarudisha. Aliwajengea kibanda, akawalisha, na waliosalia walipofikia uzito wa ratili mbili hivi aliwauza kwa nyama, kila ratili kwa senti 62, bei nzuri kabisa kwa siku zile. Mwaka uliofuata aliagiza 1,000, na mwaka 1926 alikuwa na nafasi ya kuku 10,000. Majirani walipoona faida hiyo waliiga, na haukupita muda mrefu Delmarva yote ikajaa mabanda. Yafaa tukumbuke kwamba biashara hii ilianza katika mikono ya mwanamke, na katika mali ile ndogo ambayo desturi ilimwachia.

Bahati ya Bibi Steele isingalizaa kitu kama wakati wenyewe haukuwa tayari. Katika miaka hiyo hiyo wataalamu waligundua vitamini D, ikajulikana kwamba kuku akitiliwa mafuta ya ini la samaki katika chakula chake, mifupa yake hailegei hata asipoona jua. Hapo iliwezekana kumfunga bandani mwaka mzima, masika na kipupwe. Tena miji mikubwa ya New York na Philadelphia haikuwa mbali, na malori yalikuwa yameanza kupita barabarani. Kisha vikaja vita vya 1939 hadi 1945. Serikali ya Marekani iligawa nyama nyekundu kwa kipimo, lakini ya kuku haikugawiwa. Na watu waliokuwa wakiila Jumapili walianza kuila siku nyingine pia.

Lakini aliyegeuza milki ya kuku hakuwa mfugaji, bali muuza chakula cha kuku. Katika mji wa Gainesville, jimbo la Georgia, alikuwapo Jesse Jewell, ambaye jamaa zake walikuwa na duka la chakula cha mifugo. Katika miaka ya 1930, wakati wa dhiki kuu ya uchumi, wakulima wa pamba hawakuwa na fedha za kununua bidhaa zake. Basi aliwakopesha vifaranga na chakula. Kuku walipokua aliwachukua, akawauza, akakata deni lake, na kumpa mkulima kilichosalia. Baadaye alijenga mahali pa kuangulia, kinu cha kusagia chakula, na machinjio. Wengine walifuata njia yake, na kufikia katikati ya miaka ya 1960 karibu kuku tisa katika kila kumi wa nyama wa Marekani walifugwa kwa mkataba wa namna hiyo au katika mashamba ya kampuni zenyewe.

Mkataba huo unastahili kutazamwa kwa makini. Vifaranga ni wa kampuni. Chakula ni cha kampuni. Dawa ni za kampuni. Na kampuni ndiyo huamua siku ya kuletwa kuku na siku ya kuchukuliwa. Mkulima ni mwenye ardhi na banda, na deni la benki lililojenga banda; ni mwenye gharama za umeme na gesi, mwenye mizoga ya kuku wafao, na mwenye mavi. Malipo yake hupimwa kwa kumlinganisha na wafugaji wenziwe: aliyepata uzito mwingi kwa chakula kidogo huongezwa, na aghalabu ongezo lake hutoka katika punguzo la mwingine. Banda hulipiwa kwa miaka kumi na zaidi, ilhali mkataba mara nyingi ni wa kundi moja tu la kuku. Wahenga walisema kuwa kuku wa maskini hatagi, akitaga haangui, na akiangua huchukuliwa na mwewe. Mwewe wa Georgia hakuwa na haja ya kuruka, kwa sababu iliandikwa katika karatasi kwamba kuku ni wake tangu yai.

Baada ya milki kugeuka, umbo nalo liligeuzwa. Katika miaka ya 1946 hadi 1948 kampuni ya maduka ya A&P ilidhamini, kwa msaada wa Wizara ya Kilimo, mashindano yaliyoitwa Kuku wa Kesho. Wafugaji walitakiwa kuleta mayai ya kuku wao. Mayai yakaanguliwa pamoja, na vifaranga wakalishwa chakula kimoja, kisha wakapimwa kidari, mapaja na uzito. Mshindi wa mwaka 1948 alikuwa Charles Vantress wa California, aliyechanganya kuku wa Cornish na New Hampshire. Kuku wa mchanganyiko kama huyo ana sifa moja iliyowafaa sana wauzaji: watoto wake hawatoki sawa naye. Mkulima akimweka azae, nguvu ya mbegu hupotea, na hana budi kurudi kununua. Chuo Kikuu cha Alberta katika Canada kilitangaza mwaka 2014 matokeo ya kufuga pamoja, kwa chakula kimoja, kuku wa mbegu ya mwaka 1957 na wa mbegu ya mwaka 2005. Baada ya siku 56 wa kwanza alikuwa na gramu 905, na wa pili gramu 4,202. Twasema mwana wa kuku hafunzwi kuchakura. Lakini kuku huyu wa pili hulemewa na kifua chake mwenyewe, na miguu na moyo wake mara nyingi hushindwa kuuchukua mwili huo.

Kundi kubwa katika banda moja lilihitaji dawa. Karibu na mwaka 1949 wataalamu wa maabara ya Lederle waliona kwamba kuku waliopewa mabaki ya kutengenezea dawa ya antibiotiki walikua upesi kuliko wenzao. Mwaka 1951 serikali ya Marekani iliruhusu dawa hizo zitiwe katika chakula cha wanyama wasiougua. Vijidudu vikizoea dawa, dawa hupoteza nguvu yake hata kwa wanadamu. Kamati ya Uingereza chini ya Profesa Swann ilionya hivyo mwaka 1969. Umoja wa Ulaya ulikataza kabisa kukuza wanyama kwa antibiotiki kuanzia mwaka 2006, na Marekani ilikomesha mwaka 2017 kukuza wanyama kwa zile zinazotibu watu. Kati ya onyo na katazo ilipita miaka karibu arobaini.

Haki yatutaka tuseme na mema. Kwa hesabu za wenye biashara hiyo, mwaka 1925 kuku alichukua siku 112 kufikia ratili mbili na nusu, na kila ratili ya mwili wake iligharimu ratili 4.7 za chakula. Mwaka 2020 alipita ratili sita katika siku 47, na chakula hakikufika ratili mbili kwa ratili moja ya mwili. Ng'ombe hawezi hesabu hiyo, na hewa ichafuliwayo kwa ratili ya nyama ya ng'ombe ni nyingi zaidi. Mamilioni ya watu wa mijini ambao babu zao walionja nyama kwa nadra sasa wanaila wakitaka. Mwenye kuishutumu biashara hii bila kukiri hayo hajashika mizani sawasawa.

Lakini mizani ina vitanga viwili. Tarehe 3 Septemba 1991 moto ulizuka katika kiwanda cha kupika vipande vya kuku katika mji wa Hamlet, North Carolina. Milango ilikuwa imefungwa kwa nje, na wafanyakazi walisema ilifungwa ili kuku wasiibwe. Watu 25 walikufa. Katika Delmarva nako, jambo la kila siku lilifanya kazi yake polepole. Chakula cha kuku huletwa kwa treni kutoka mashamba ya mbali ya mahindi na soya, nyama huondoka kwenda mijini, mavi hubaki. Yakimwagwa mashambani kupita kiasi kinachotakiwa na mimea, fosforasi na naitrojeni huteremka na mvua hadi ghuba ya Chesapeake, huotesha mwani, na mwani ukioza humaliza oksijeni ya samaki, kaa na chaza. Mwaka 1997 samaki wenye vidonda walionekana katika mto Pocomoke, na ingawa wataalamu waligombana juu ya chanzo chake, Maryland ilitunga sheria mwaka 1998 ya kupima mbolea itiwayo shambani. Serikali hiyo imesaidia kulipia hata kuyasafirisha mavi kwenda mbali. Hapa jibu la swali letu linaonekana wazi: nyama ina mwenyewe, bali mavi yamekuwa ya mkulima na ya umma.

Mtindo huu haukukaa Marekani. Brazili iliushika, na tangu mwaka 2004 ndiyo ya kwanza duniani kwa kuuza nje nyama ya kuku. Soya ya kuwalishia imekula nyika na misitu mingi ya nchi hiyo. Nchi tajiri, ambazo walaji wake hupenda kidari, hugandisha mapaja, mabawa na firigisi na kuziuza Afrika Magharibi kwa bei ndogo, maana kidari kimekwisha kulipa gharama. Wafugaji wa Ghana walilia, na mwaka 2003 bunge lao lilipandisha ushuru wa kuku wa nje kutoka asilimia 20 hadi 40. Lakini serikali, ambayo ilikuwa na makubaliano na Shirika la Fedha la Kimataifa, iliusimamisha mara.

Nasi tumo. Mwezi wa Oktoba 1917 ungemshangaza mtu kusikia vifaranga wakiwa habari ya serikali mbili. Oktoba 2017 haikuwa ajabu, pale Tanzania ilipochoma moto vifaranga 6,400 waliotoka Kenya kupitia Namanga, kwa hofu ya mafua ya ndege. Nchi hizo mbili ziligombana juu ya vifaranga ambao mbegu zao za asili hutoka kwa kampuni chache za Marekani na Ulaya. Nyuma ya nyumba za vijijini, hata hivyo, angali yupo kuku wa kienyeji, mdogo na mgumu wa nyama, ambaye mwenyewe ni mwanamke; humuuza akitaka, na vifaranga wake havihitaji kuagizwa. Sisemi kwamba kuku huyo ataweza kulisha miji yetu peke yake. Nasema kwamba anayeandika sera ya mifugo, kabla ya kuhesabu ratili na siku, aulize kwanza kama Bibi Steele aliulizwa lolote siku kuku wake walipopata mwenyewe mwingine.